Mwoka Mikate Aliyewasamehe Wajerumani Wote

Mkate wa dukani hakuutia mdomoni. Aliubonyeza kwa kidole, akautazama ukiinuka tena polepole, halafu akanisukumia sahani. "Madam, hii ni ya kuoshea vyombo." Hata miguu ilipomkatalia kabisa, alinituma jikoni nikande unga, yeye amekaa kwenye kiti cha magurudumu akinifokea kama mwanagenzi wake. Kanda kwa kisigino cha mkono! Usiupapase, si paka huyo! Mimi mwanamke mzima, nimezika mume, nimevuka bahari, nafokewa kwa sababu ya unga. Na nilikuwa nacheka.

Nilimtunza miaka sita nyumbani kwake Saint Paul. Kumwogesha, kumvalisha, kumpikia, kumpeleka kliniki. Shule mimi niliishia darasa la sita, kwa hivyo kama maneno yataenda upogo mnivumilie. Alizaliwa lini na wazazi wake ni kina nani, hayo yamejazwa kwenye fomu za ajensi iliyonipa kazi. Mimi nasema alivyokuwa.

Namwita Mwoka Mikate kwa sababu jina lake mwenyewe hakulithamini. Alisema amevuliwa jina hilo na kuvishwa mara nyingi mno, limelegea kama soksi kuukuu. Kwao ni kile kipande cha Ufaransa kilicho kando ya mto Rhine, ng'ambo ni Ujerumani. Hayo mataifa mawili yamekinyang'anyana kama watoto na mwanasesere, huyu avute mguu, yule avute kichwa. "Bibi yangu alibadilisha nchi mara nne," aliniambia, "na jiko lake halikusogea hata futi moja."

Yeye mwenyewe alikuwa na miaka mitano Wajerumani walipoingia. Shuleni wakampa jina la Kijerumani. Kifaransa marufuku. Ile kofia laini ya duara ya Wafaransa, marufuku. Hata mabomba ya maji yalibadilishwa, zile herufi za Kifaransa za moto na baridi zikang'olewa.

"Baba yangu alinawa maji ya Kijerumani miaka minne," alisema. "Yalikuwa baridi vilevile."

Vita vikaisha, Wafaransa wakarudi, na jina lake likarudi. Unafikiri alipumzika? Mwalimu mpya akamchapa kwa kusema lugha ya nyumbani, maana lugha ya nyumbani inakaribiana na Kijerumani. Darasani kulikuwa na kipande cha mbao. Anayeshikwa akiisema anapewa, anakaa nacho mpaka amnase mwenzake, na atakayekuwa nacho jioni anachapwa.

Hapo niliacha kukanda. "Hiyo mbao naijua!"

"Wewe utaijulia wapi?"

"Kwetu Kenya ilikuwa na kamba, tunaivaa shingoni. Ukisema lugha ya mama, unayo."

Akasogeza kiti karibu. "Ulichapwa viboko vingapi?"

"Vinne."

"Mimi sita." Akajaa fahari kama amepewa nishani. Tukacheka mpaka unga ukamwagika sakafuni, na mimi ndiye niliyefagia.

Unga alipima kwa Kijerumani. Alitukana kwa Kifaransa. Maombi alisema kwa ile lugha ya nyumbani aliyochapiwa, na hakutaka mtu asikilize. Nilipomuuliza kwa nini vipimo ni Kijerumani, alisema vipimo havina mzaha. Na matusi? "Matusi lazima yawe na ladha."

Mikate yake ilikuwa miwili tu, ule mweupe mrefu mwembamba wa Kifaransa na ule mweusi mzito wa Kijerumani, ambao ukimwangukia mtu mguuni unampeleka kliniki. Kamwe haikuingia kwenye oveni siku moja. Jumanne Ufaransa, Ijumaa Ujerumani. Wakati mmoja nilitaka kumaliza kazi mapema nikaiweka yote pamoja. Alisikia harufu akiwa chumbani. Alikuja na kiti chake mbio, nilidhani nyumba inaungua.

"Umefanya nini?"

"Mzee, ni mikate tu."

"Wamegusana?"

"Kidogo. Pembeni."

Akaishika, akatenganisha pale ilipogandana, akaonja lile pande la katikati. Akatafuna. Akasema ni uchafu. Halafu akalimaliza lote.

Timu za Ufaransa na Ujerumani zikicheza mpira, alishangilia ile inayofungwa. Waliokuwa nyuma wakisawazisha alinyamaza ghafla, hajui aende wapi. Ikifika penalti alizima televisheni. Kesho yake nami nilikatazwa kumwambia matokeo, na jirani yake wa kulia, ambaye babu zake walitoka Ujerumani kama nusu ya watu wa huku, alikatazwa kupita mbele ya dirisha akiwa na uso wa furaha au wa huzuni.

Ngoja niseme kosa langu, maana bila hilo singemjua.

Wiki yangu ya kwanza, nikipangusa vumbi sebuleni, nilikuta picha ya kijana amevaa sare ya jeshi la Kijerumani, ile ya vita. Sare hiyo hata mimi naijua kutoka kwa televisheni. Nimewahi kuona vijana wenye silaha mlangoni kwangu, na sikuvuka bahari kuja kupangusia vumbi wengine. Nikaigeuza picha ikatazama ukuta. Kesho yake nikaikuta imegeuzwa, kijana ananitazama. Nikaigeuza tena. Siku sita tulifanya hivyo, mimi naigeuza, yeye anairudisha, na hakuna aliyesema neno. Tunasalimiana vizuri, tunakunywa chai, tunazungumzia theluji.

Siku ya saba nililipuka. "Mzee, wewe ulisema ni Mfaransa. Mbona umeweka adui ukutani?"

Akasema, "Huyo ni kaka yangu."

Wajerumani waliwachukua vijana wa kwao kwa nguvu, wakawavalisha sare, wakawapeleka kupigana Urusi. Kijana akikimbia, familia yake inahamishwa. Kaka yake alikuwa na miaka kumi na minane na hakurudi. Na hiyo ndiyo picha pekee iliyobaki, walipigwa siku ya kuondoka. Mama yao angeipata wapi nyingine? Aliitundika akaifunika sare kwa kitambaa, ukabaki uso. Mwoka Mikate ndiye aliyekitoa kitambaa alipofika Amerika. "Shingo ilikuwa inamwasha," alisema.

Mjini kwao, aliniambia, kuna sanamu ya mama ameshika wanawe wawili wanaokufa. Hawana nguo. Mmoja alifia Ujerumani, mwingine Ufaransa, na ukiwavua sare huwezi kujua yupi ni yupi. Niliomba radhi kwa ile picha. Akaniambia mimi ndiye mtu wa kwanza katika nyumba ile kuipa heshima ya kuikasirikia, wengine wote hupita tu.

Sasa mtu wa namna hiyo, ungedhani angewachukia Wajerumani mpaka kaburini. Wapi! Alioa Mjerumani. Walikutana hapa hapa Saint Paul, kwenye kwaya ya kanisa, yeye akiimba vibaya na yule mama akimwambia. Mama yake Mwoka Mikate aliandika kutoka nyumbani kwamba Mjerumani hatakanyaga mlangoni kwake. Baada ya miaka akaja mwenyewe kuona wajukuu. Wiki tatu wanawake hao wawili walifuma sweta kwenye kochi moja bila neno. Mama alijua Kijerumani chote, alikataa kukisema. Mkewe alijua Kifaransa kidogo, aliona aibu kukisema. Halafu siku moja mezani mama mkwe akaonja kabichi ya kuchachushwa, akaweka uma chini, akasema kwa Kijerumani safi, "Chumvi imezidi."

"Mke wangu alilia kwa furaha," Mwoka Mikate alisema. "Mimi nikajua vita vimekwisha."

Siku wakuu wa zile nchi mbili walipokumbatiana na kutia sahihi urafiki, alisikia kwenye redio ya duka lake la mikate. Aliunguza trei nne. Nikamuuliza kama alilia. Hapana, alisema, alikuwa anafikiri. Wale wazee wawili, mmoja hakuwahi kumwazima mwenzake ngazi. Hawakuwahi kugombania uzio. Kwao ni rahisi kubusiana mashavuni.

"Mimi nimewasamehe Wajerumani wote," alisema, akafungua mikono kama padri. "Wote! Mamilioni! Isipokuwa Lutz."

"Lutz ni mkubwa wa jeshi?"

"Lutz ni muuza viatu. Na si Mjerumani. Ni wa mtaani kwetu."

Kaka yake alikuwa amefichwa juu ya dari, nyuma ya magunia ya unga. Watu wanne walijua, na mmoja alikuwa Lutz, kwa sababu alikuja kuazima ngazi akaona unga umedondoka. Siku mbili baadaye askari walikuja wakaenda moja kwa moja darini. Na vita vilipokwisha, bendera ya kwanza ya Ufaransa kupepea mtaani ilikuwa kwenye duka la Lutz. Kubwa kuliko zote.

Mwoka Mikate alipolitaja jina hilo alilitaja kikamilifu, jina la kwanza, la baba, na rangi ya mlango wa duka. Ndiyo maana nilimpenda. Watu wengi wa huku wakikuonea huruma wanakwambia sahau, songa mbele. Yeye alinigeukia akaniuliza, "Na wako anaitwa nani?"

Nikamwambia. Na hapa pia nasema, kwa sababu hakuna mahali pengine palipoandikwa. Ni Kirwa. Kirwa, na shemeji yake Sawe, na Josphat wa kinu cha kusaga. Miaka kumi na minne tulipakana shamba kwa shamba, upande wa Eldoret. Ng'ombe wangu alipokwama kuzaa, Kirwa ndiye aliyemvuta ndama. Baada ya uchaguzi ule mbaya tukaambiwa sisi ni wageni turudi kwetu, na Kirwa akaja mbele ya kundi, kwa sababu yeye ndiye aliyejua mbwa wetu hamumi. Waliichoma nyumba. Kamau, mume wangu, walimkata begani na kichwani, akafa kambini baada ya miezi miwili. Alikuwa bado anauliza kama mahindi yamevunwa.

Mwoka Mikate alisikiliza. Akasema lile tusi la Kifaransa linaloanza na midomo mbele. Akarudia: "Kirwa. Sawe. Josphat." Akanihakikishia amewaweka karibu na Lutz.

Majira ya baridi ya nne miguu yake ilikwisha, ikawa kumhamisha kutoka kitandani kunataka watu wawili. Msimamizi wa ajensi, mama mmoja mzungu mwenye moyo mzuri, akanipigia simu na furaha tele. Ameniletea mtu wa nyumbani! Mkenya mwenzangu! Tutaongea lugha yetu!

Jumatatu akaingia msichana, anakung'uta theluji viatuni. Anasomea uuguzi, anaishi na binamu yake Maple Grove. Alipovua kofia nikaona nyusi zimekutana katikati, na nyusi hizo nazijua.

"Unaitwa nani?"

"Chebet." Akanitazama, na uso ukamwanguka. "Mama Wambui?"

Chebet wa Kirwa. Kitoto kilichokuwa kinatumwa kwangu kuazima kiberiti.

Siku hiyo tulimwinua mzee bila kuangaliana. Alipoondoka nikafunga mlango, nikamwambia Mwoka Mikate, "Piga simu ajensi. Wewe ndiwe mwenye nyumba, ukisema humtaki wanamtoa."

"Ameniumiza wapi?"

"Ni binti wa Kirwa."

Lo! Ungemwona. "Binti wa Lutz!" Akaishika simu palepale, akabonyeza namba mbili, tatu. Nikasema moyoni, hatimaye nimepata mtu wa upande wangu. Halafu akasimama kidole hewani.

"Lutz alikuwa na binti," akasema.

Yule binti alikuja dukani kwao kila asubuhi kununua mkate. Mwoka Mikate, kijana wa miaka kumi na mitano, ndiye aliyekuwa kaunta. Miaka miwili alimuuzia mkate ulioungua, ule wa chini ya trei. Miaka miwili, na yule msichana aliupokea, akasema asante, akaenda. Hakulalamika hata siku moja. "Na Lutz mwenyewe," alisema, "meno yake yalikuwa mabovu. Hakula mkate kabisa. Alikula supu."

Nikangoja aseme kwa hivyo tufanye nini. Aliishika simu kama imemganda mkononi.

"Nikipiga nitafurahi sana," akasema. "Leo. Kesho sijui. Niambie wewe, Madam. Nipige?"

Najua ajensi. Mtu akikataliwa nyumba ya kwanza hapewi ya pili. Na msichana yule bila kazi halipi chuo, na bila chuo, kibali chake cha kukaa nchi hii kinaisha, anarudi kwa Kirwa. Nililiona hilo lote, nami nililitaka. Sitadanganya. Nililitaka kama mtu anavyotaka maji.

"Usipige leo," nikasema.

Kesho yake, bado namvalisha soksi: "Leo nipige?" "Kesho." Siku ya tatu: "Leo?" "Kuna theluji, watachelewa kuleta mwingine." Ikawa ndiyo salamu yetu. Wengine wanaamkia habari za asubuhi, sisi tunaulizana kama tumfukuze binti wa Kirwa. Siku nyingine msichana yupo jikoni anasikia Kiingereza chetu, anauliza, "Aunty, anataka kumpigia nani?" Namwambia daktari wa meno.

Nilimpa kazi ngumu zote. Mashuka, choo, kusugua oveni. Alifanya. Siku moja basi lake lilichelewa saa nzima, na nilikuwa nimepika sukuma na ugali mwingi. Chakula kilikuwa kingi, si kwamba nilimpenda. Alikula mpaka mwisho, akaosha sahani, akasema, "Aunty, redio yenu ilikuja kwetu."

Nikaweka mwiko chini.

"Nilikuwa nasikiliza vipindi vya watoto. Sikujua. Nilipojua nikaitupa chooni, baba akanichapa. Nilitaka tu ujue ilikoenda."

Redio ile Kamau aliinunua kwa mauzo ya viazi. Lakini Jumatatu iliyofuata nilipika tena kingi, na Jumatatu nyingine, na wakati mmoja nilimwambia mbele ya mzee kwamba ugali wake haujaiva na anatia aibu wilaya nzima. Mwoka Mikate, ambaye hajui Kiswahili hata kidogo, alisikia sauti yangu akauliza nimesema nini. Nilipomtafsiria alipiga makofi kwenye kiti chake.

Mwaka jana watoto wake walimhamishia kwenye nyumba ya wazee kule Saint Louis Park. Ajensi ikatupeleka mimi na Chebet kwenye nyumba nyingine tofauti, lakini Jumapili baada ya kanisa ananipitia na gari lake, anaendesha kama anabeba mayai, tunakwenda kumwona.

Mara ya mwisho nilipomwona alikuwa amekonda, mto umemmeza. Kiingereza kilikuwa kinamtoka na kurudi. Muuguzi alisema hali wala haongei. Nilipomwonyesha mkate mweupe niliouoka mwenyewe, aliubonyeza, akausikiliza ukipasuka ganda, akasema kwa Kiingereza kilichonyooka, "Umeupapasa." Tukajua yupo.

Ndipo simu ya Chebet ikalia, ile ya video. Aliitazama akataka kuizima, uso umempauka, nami nikaona juu ya kioo: Baba.

"Pokea," nikasema.

"Aunty, nitampigia baadaye."

"Pokea, asidhani umekufa."

Akapokea. Sauti ikajaa chumba, ile ile iliyomtuliza ng'ombe wangu. "Chebet! Mbona hupigi? Mbona kimya hivyo?" Mwoka Mikate alinitazama mimi, akatazama mikono yangu. Sijui niliishikaje. Akanyanyua kichwa kutoka kwenye mto.

"Lutz?" akaniuliza.

"Lutz."

Akanyoosha mkono. Chebet alisita, halafu, Mungu ambariki, akampa simu mwenyewe. Mwoka Mikate akaileta karibu na pua, akaanza. Kwanza Kijerumani, polepole, kama anapima unga. Halafu Kifaransa, na hicho kikaja moto, kinafoka, mate yanaruka kwenye kioo, mishipa ya shingo imemsimama, mtu ambaye muuguzi alisema haongei. Mwisho akamalizia na ile lugha ya nyumbani. Muuguzi alikuja mbio akasimama mlangoni. Upande wa pili Kirwa anasema, "Hallo? Hallo? Huyu mzee ni nani? Chebet, huyu mzungu anataka nini?"

Chebet alikuwa ameziba mdomo, machozi yanamtoka, na mabega yanatikisika, na sikuweza kujua analia au anacheka. Mimi mwenyewe sikujijua.

Mwoka Mikate akamaliza. Akanipa simu, akajilaza, akafumba macho, amechoka na ametakata kama mtu aliyetoka kuoga.

Nikaitazama sura ya Kirwa. Amezeeka. Nyusi zimekuwa nyeupe, bado zimekutana.

"Kirwa," nikasema. "Ni Mama Wambui, mke wa Kamau."

Kwa nyuma yake nilisikia ng'ombe.

"Mama Wambui," akasema mwishowe. "Huyo mtoto… anakula?"

Nikamtazama Chebet. Alikuwa amekaa pembeni ya kitanda, anamfuta mzee kidevu kwa kitambaa.

"Anakula," nikasema. "Mimi ndiye ninayempikia."

Nikakata simu kabla hajanishukuru. Shukrani yake siitaki.